Fainali Kando ya Tangi

Mashine mpya ya gemu niliibeba hadi kituoni nikiwa nimeiviringisha kwa shuka mbili, kama mtoto mchanga. Nyumbani nilikuwa nimepakua gemu zote sita nilizonunua mtandaoni, nikazijaribu moja moja, zote zikafunguka. Nilijua zimo ndani ya mashine kama unga unavyokuwa ndani ya gunia. Ukishalifunga gunia, unga unakwenda nalo popote.

Kituo chetu ni cha kusukuma maji. Kina pampu mbili, chumba cha vitanda viwili, jiko la gesi na runinga moja. Kiko bondeni kabisa, na simu huku ni saa ya mfukoni tu, mtandao haufiki. Tunakaa watu wawili kwa wiki mbili, kisha wenzetu wawili wanakuja kutupokea. Kwa miaka sita mwenzangu wa zamu alikuwa Mzee Sikio. Tulimpa jina hilo kwa sababu anautambua ubovu wa pampu kwa kuisikiliza, kabla geji, kile kipimo chake, haijasema lolote. Yeye huniita Askofu, kwa sababu siwashi pampu bila kuomba.

Safari hii alikuja kwa siku tatu tu, kukabidhi kazi. Jumatatu tulifika pamoja, na Alhamisi asubuhi gari lingemchukua akapumzike nyumbani, amestaafu kwa heshima zake. Lakini alikuwa na jambo moja moyoni. Katika gemu ya mpira, kwenye mashine yangu ya zamani, mimi nilikuwa nimemfunga mara mia mbili na tisa, na yeye alikuwa amenifunga mara mia mbili na nane. Sare hatuhesabu.

"Siendi nyumbani nikiwa nyuma yako," aliniambia hata kabla hajavua viatu. "Mke wangu ataniuliza, miaka sita ulikuwa unafanya nini huko? Nitamjibu nini?"

"Utamjibu ulikuwa unasukuma maji."

"Washa mashine, Askofu. Nataka ushindi mmoja tu, tulingane. Halafu nife hata kesho."

"Usiseme hivyo, mzee."

"Basi keshokutwa. Washa."

Niliwasha. Picha za gemu zote sita zikajipanga kwenye runinga, na juu ya kila moja palikuwa na kufuli dogo. Nikabonyeza ile ya mpira. Yakatokea maandishi. Mimi nilianza masomo ya jioni nikiwa na miaka arobaini na moja, na tangu hapo kila maandishi nayasoma mpaka nukta ya mwisho. Haya niliyasoma mara mbili. Yalisema niunganishe mtandao ili ihakikishwe kwamba gemu ni yangu.

"Yako si yako?" Mzee Sikio aliuliza.

"Yangu. Nimenunua mwenyewe."

"Sasa nani kaifunga?"

Nilizima na kuwasha mara tatu. Mzee alikaa kitandani na pedi ya kuchezea mkononi, amevaa miwani yake ya mechi, ananitazama kama mgonjwa anavyomtazama daktari aliyesahau dawa.

Simu inashika mtandao mahali pamoja tu, juu ya kilima, kwenye tangi kubwa ambamo pampu zetu humwaga maji. Ni mwendo wa dakika kumi kwa mguu. Nilimwacha mzee na pampu nikapanda kumpigia mke wangu. Yeye anafanya kazi kwenye duka la dawa, na mambo ya akaunti na maneno ya siri ndiye anayeyajua.

Alinisikiliza, kisha akacheka mpaka nikamsikia mteja akimuuliza kuna nini.

"Mume wangu, ulidhani ni unga huo?"

Sikumwambia kwamba nilidhani hivyo hivyo hasa.

"Sikiliza," akasema. "Akaunti yako inaitambua mashine moja tu kuwa ndiyo ya nyumbani. Hiyo ndiyo inayocheza bila mtandao. Nyingine zote lazima ziulize kwanza. Hapa nyumbani ilikuwa inauliza kimyakimya kwenye mtandao wetu, hukuona. Huko itamuuliza nani, samaki?"

"Na mashine ya nyumbani ni ipi?"

"Ni ile ya zamani, uliyompa kaka."

Hapo niliketi chini. Kaka yake ni kinyozi. Alipofungua duka lake mwezi uliopita, nilimpelekea mashine yangu ya zamani kama zawadi, ili wateja wanaosubiri wasichoke. Dukani kwake hana mtandao. Nakumbuka nilivyosimama katikati ya duka nikasema mbele ya watu, "Shemeji, hii ni yako na gemu zake zote." Watu walipiga makofi. Niliyafurahia yale makofi kuliko ilivyofaa.

"Naweza kuibadilisha kutoka hapa nilipo," mke wangu aliendelea. "Dakika mbili. Lakini ukifungua kwako, kwa kaka zinafungwa. Amua, mteja ananisubiri."

"Nipe muda."

"Chukua. Ila usimfanye kaka yangu mjinga mbele ya wateja wake."

Nilibaki pale nikisikiliza maji yakiporomoka ndani ya tangi. Nikaomba. Sikuomba kwa maneno mengi. Nilisema, "Mungu wangu, unajua ninachokitaka na unajua nilichokisema." Nikangoja. Hakuna sauti iliyokuja, lakini nilipomaliza nilijua kwamba zawadi iliyokwishatoka mkononi siwezi kuirudisha kwa mlango wa nyuma, hata kwa siku tatu, hata kwa Mzee Sikio. Nilijua pia kwamba ningemvunja moyo mzee wa watu. Mambo yote mawili niliteremka nayo.

Nilimweleza yote. Alivua miwani ya mechi, akaikunja taratibu.

"Umefanya vizuri," alisema. "Mtu hampi mwenzake kuku halafu akaenda usiku kuchukua mayai." Kisha akaongeza, "Lakini roho inaniuma, Askofu. Sikufichi."

Jumatatu ilipita hivyo. Tulisafisha vichujio na kuandika namba za geji. Tulicheza karata, akanifunga, lakini alisema karata ni mchezo wa watu waliokosa kazi.

Jumanne asubuhi nilikuwa nakaanga mayai aliposimama mlangoni.

"Mkeo alisema mashine inaweza kuuliza kama kuna mtandao?"

"Ndiyo. Ikiuliza ikajibiwa, inafunguka. Shemeji haguswi."

"Na kwenye tangi mtandao upo."

"Upo, mzee, lakini runinga iko hapa."

"Runinga imepigiliwa misumari?"

Nilimtazama. "Na umeme?"

"Taa ya tangi inawaka kwa uchawi? Pale chini ya taa kuna soketi. Niliifunga mimi, wewe ulikuwa bado unaomba kazi."

Hapo nikamkumbusha kanuni. Kituoni tuna kanuni moja kubwa kuliko zote, imeandikwa mlangoni kwa rangi nyekundu: msiende wawili mahali msipoisikia pampu. Ndiyo maana siku zote mmoja hupanda na mwingine hubaki. Kilimani pampu haisikiki.

Mzee Sikio alicheka kwa mara ya kwanza tangu Jumatatu. "Miaka sita, Askofu, na hujajifunza kusikiliza. Maji yanayoanguka kwenye tangi yanatoka wapi? Pampu ikikohoa huku chini, maji yanapunguza sauti kule juu kabla hujahesabu kumi. Zamani, kabla ya geji, tulikuwa tunakaa kule kule. Tangi ndilo sikio la pampu."

Nilipiga mahesabu yangu kichwani. Dakika kumi kupanda, na kuteremka kwa mbio ni dakika nne. Mtu aliyeko chooni angechelewa zaidi. Hata hivyo nilipanda kwanza peke yangu, nikampigia msimamizi wetu, nikamuuliza kama kanuni inaruhusu wawili kukaa kwenye tangi mchana, maji yakiwa yanasikika.

"Mnakwenda kufanya nini?" akauliza.

"Mzee Sikio anaaga, bosi. Tunacheza mpira wa runinga."

"Akisema anaisikia pampu, anaisikia. Saa moja tu. Na nani anaongoza?"

"Mimi, kwa moja."

"Shikilia hapo hapo, asikupite," akasema, akakata. Kabla ya kuteremka nikampigia na mke wangu kumpa habari.

Saa nane mchana tulipakia runinga kwenye toroli, tukaizungushia magodoro. Mimi nilisukuma, mzee alitangulia akiwa amekumbatia mashine, akiniambia jiwe hili, shimo lile, polepole, huyo ni mgonjwa. Juu tulikuta jua kali, na kwenye kioo cha runinga hatukuona kitu ila nyuso zetu. Tukafunga blanketi kutoka kwenye ngazi ya tangi hadi kwenye toroli, tukaingia chini yake, watu wazima wawili, magoti yakigusana. Niliiweka simu kwenye ngazi, nikaiwasha igawie mashine mtandao. Kufuli likazunguka, likazunguka, likatoweka.

"Ndiyo maana nakupenda, Mungu," nilisema kwa sauti.

"Mwambie asikusaidie kwenye kona," alisema mzee.

Mechi ya kwanza alicheza kama mtu mwenye miaka ishirini. Dakika ya sabini na tano alikuwa anaongoza mbili kwa moja, nami jasho linaniingia machoni. Ndipo simu ikaita. Katika simu yangu, mtu akipiga, mtandao unakatika. Runinga ikaganda, mshambuliaji wa mzee mguu juu, na kufuli likarudi katikati ya uwanja.

Alikuwa shemeji.

"Shemeji! Nimesikia kwa dada mko fainali. Nani anaongoza?"

"Alikuwa anaongoza mzee," nilisema, "mpaka ulipopiga."

Mzee Sikio aliichukua simu mkononi mwangu. "Wewe kinyozi, mimi nina upara, huniwezi. Lakini siku nitakayoota nywele nitakuja uninyoe, na sitakulipa." Akakata. Kisha akanguruma kooni kama pampu yenye hewa.

"Mzee, nahesabu umeshinda," nilisema. "Ulikuwa mbele."

"Sitaki ushindi wa simu. Anza upya."

Tulikuwa tumebakiwa na nusu saa ya ruhusa yetu. Kabla ya kuanza, alitoa kichwa nje ya blanketi, akasikiliza maji, akarudi. "Pampu namba mbili iko vizuri. Cheza."

Ngoja niseme ukweli. Katika mechi ile ya pili, tulipokuwa mbili kwa mbili, nilipata nafasi ya wazi mbele ya goli lake, na mkono wangu ukalegea. Nilifikiria mke wake akimuuliza. Nilifikiria chumba chetu bila yeye. Kidole kilikataa kubonyeza, mpira ukapita pembeni.

"Askofu." Hakugeuza uso. "Ukiniachia nitajua. Pampu inayojifanya inavuta maji huwa naisikia."

"Nisamehe, mzee."

"Nikusamehe nini? Nifunge kama unaweza."

Basi nikacheza kweli. Nilicheza kama ninavyoomba, kwa mwili wote. Niligonga mwamba mara moja, kipa wake akapangua mara mbili. Dakika ya themanini na nane mzee alipata kona. Beki wake wa kati, mrefu yule mzito ambaye kwa miaka sita hajawahi kufunga hata goli la mazoezi, akaruka juu ya watu wangu wote na kuupiga mpira kwa kichwa. Niliuona ukiingia, nikabaki nimefungua mdomo.

Mzee Sikio hakupiga kelele. Aliweka pedi chini kwa uangalifu, akatoka nje ya blanketi, akasimama juani mikono kiunoni. Nilipotoka nilimkuta anatazama bonde na paa la kituo chetu huko chini, anacheka bila sauti, mabega yanatikisika.

"Mia mbili na tisa kwa mia mbili na tisa," nilisema.

"Nimesikia."

"Hongera, mzee wangu."

"Asante, mwanangu." Hajawahi kuniita hivyo. Akajifuta uso kwa kona ya blanketi. "Beki! Umeona? Beki!"

Simu ikaita tena. Alikuwa msimamizi, anataka kujua tangi likoje. Nilimpa mzee ajibu mwenyewe. Aliweka sikio kwenye bati la tangi, akafumba macho, akasikiliza kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Limebakiza kidogo lijae, bosi," alisema. "Na maji yanaingia vizuri sana."