Mita ya Kumi na Nne

Wanajiolojia ni watu wabishi, acha kabisa. Watakaa miaka thelathini wakigombania mstari mmoja ndani ya jiwe. Maana kipindi cha historia ya dunia, hata kiwe cha miaka milioni tano, lazima kiwe na mwanzo unaoweza kuwekewa kidole: genge moja tu la mawe duniani kote, na ndani ya genge hilo tabaka moja ambamo kiumbe fulani anaonekana kwa mara ya kwanza. Hapo wanapigilia msumari wa shaba. Mwisho wala hawahangaiki nao; kipindi kinaishia pale kinachofuata kinapoanza. Sharti kubwa ni matabaka yafuatane bila pengo hata la sentimita moja.

Mama mmoja waliyemwita Bi Nyundo alikuwa na genge lake. Aliligundua mwenyewe enzi za ujana, kwenye korongo la mto, kisha yeye na mumewe wakalipima kutoka chini hadi juu, kila sentimita kumi mfuko mmoja wa mawe. Mume alikuwa ameshafariki, mwaka ulishapita. Bi Nyundo alikuwa anakaribia kustaafu, na Alhamisi kamati ingepiga kura: msumari upigiliwe kwake, au kwenye genge la wenzake wa ng'ambo. Wajumbe wengi walikuwa upande wake.

Jumatatu mjumbe mmoja akaomba picha mpya za mawe ya mita ya kumi na nne, ndiyo hasa mita ya msumari. Bi Nyundo alishusha ile mifuko kumi shingo upande. Mita hiyo alimwachia mumewe aichunguze peke yake, na kwa miaka kumi na tisa yeye hakuigusa. Alikuwa na sababu.

Miaka hiyo kumi na tisa nyuma, mume akiwa korongoni, binti yao wa pekee, wa miaka sita, alishikwa na homa kali. Saa mbili asubuhi Bi Nyundo alimpigia simu dereva wa kambi: mwambie aje sasa hivi. Mume alifika kesho yake jioni, na mtoto alikuwa amekata roho tangu alfajiri. Alisema mto ulifurika, gari halikuweza kuvuka. Bi Nyundo angemwamini, haki ya Mungu angemwamini. Lakini miezi mitatu baadaye alifungua daftari la kazi akakuta tarehe ileile, kwa mwandiko wa mumewe: mifuko kumi, wa kwanza saa tatu asubuhi, wa mwisho saa kumi jioni. Alimwuliza mara moja tu.

"Ulimaliza mita yako kwanza?"

Mume aliangalia sakafu. "Si imeandikwa hapo?"

Basi, yakaishia hapo. Walihamia vyumba tofauti. Chai ilipikwa, nguo zilifuliwa, ripoti ziliandikwa kwa majina mawili, ila neno tamu halikupita tena kati yao. Hata hospitalini, mume alipokuwa anaondoka, alimshika mkono mkewe, naye akauacha ushikwe tu.

Sasa Jumatatu hiyo alimwaga mfuko wa kwanza na wa sita juu ya meza ya maabara ili achague vipande vizuri. Kipande cha huku kilikuwa na ufa mweupe. Cha kule nacho. Alivisogeza pamoja bila kufikiri, vikaingiana kama sahani iliyovunjika. Alivitenganisha, akavirudisha, vikaingiana tena. Mawe yaliyotoka nusu mita mbalimbali hayaungani, hilo hata mwanafunzi wa mwaka wa kwanza analijua. Akafungua wa tatu, wa nane, wa kumi. Hadi mchana alikuwa na jiwe moja zima mezani, ukubwa wa ndoo.

Fundi wa maabara, mzee aliyefanya kazi nao tangu mwanzo, alikuja kuchungulia.

"Umeanza kujenga nyumba, shemeji?"

"Kaa chini. Haya mawe aliyaleta lini?"

Fundi alikaa, akajikuna kidevu. "Mita hii ilikuja peke yake, baada ya msiba. Alirudi kule siku moja tu. Aliniambia hawezi kusimama pale zaidi ya dakika tano."

"Na hukuniambia."

"Shemeji, ulikuwa huambiliki."

Hapo Bi Nyundo akaelewa, na kuelewa kwenyewe kukamuuma kuliko msiba. Siku ile hapakujazwa mfuko hata mmoja. Mumewe aliitwa, akatupa nyundo, akakimbia, na mto kweli ukamzuia. Baadaye akabomoa jiwe moja, akaligawa mifuko kumi, akalijaza daftari kwa tarehe iliyokuwa imepangwa, ili genge lisionekane na pengo. Alipoulizwa hakukanusha, maana alimjua mkewe: angeambiwa ukweli angeliondoa genge kwenye kamati siku hiyohiyo, na baada ya mtoto, genge ndilo alilobakiwa nalo. Mjinga yule mwanamume. Alikubali kununiwa ndani ya nyumba yake mwenyewe miaka kumi na minane, wakati neno moja tu lingetosha.

"Yarudishe mifukoni," fundi alisema taratibu. "Ukishinda, tutakwenda kimya kimya tukachimbe upya."

"Nikiyarudisha, itabaki imeandikwa kwamba mwanangu alipokuwa anakufa, baba yake alikuwa anachimba."

"Marehemu ataitwa mwongo."

"Ataitwa. Mimi nimemwita mabaya zaidi ya hayo."

Alhamisi aliliweka lile jiwe mbele ya wajumbe kumi na wanane, akawaonyesha vipande vinavyoingiana, akasema mita ya kumi na nne haijawahi kupimwa, na genge lake analiondoa. Katibu, kalamu mkononi, aliuliza kwa upole sababu iandikwe vipi.

"Andika mpimaji hakuwepo kazini. Mtoto wake alikuwa mahututi, akaacha kazi akaja."

"Hilo la mtoto halihitajiki kwenye kumbukumbu, mama."

"Liandike."

Katibu aliinama akaandika. Bi Nyundo alibaki amesimama, macho kwenye karatasi, mpaka alipoona sentensi imekamilika. Kisha akakaa, akamlilia mumewe mbele ya watu wote, yeye ambaye siku ya mazishi hakutoa hata chozi.