Vumbi la Mlango

Mama Rangi alirudi kutoka kwa bintiye na hamu moja tu: kuingia chumba chake cha kazi. Alipoingia, akaona mlango. Ulikuwa mweupe pe, unang'aa kama sahani mpya.

Mumewe, fundi wa kupaka rangi nyumba za watu, mstaafu ambaye mikono ilikuwa bado inamwasha, alisimama nyuma yake na mkoba wa mkewe begani, anatabasamu.

"Karibu nyumbani, bibie. Nimekuondolea ule uchafu."

Uchafu wenyewe ndio uliokuwa kumbukumbu yake. Mama Rangi hakuchora watu wala miti. Alichora rangi tupu, moja imekaa jirani na nyingine, zinasemezana. Na kila rangi aliyoikoroga tangu ujana wake aliijaribu kwanza nyuma ya mlango ule, alama ya upana wa kidole gumba. Chini ya kitasa palikuwa na nyekundu moja aliyohangaika nayo mpaka akaipata. Ilikuwa ya picha ya mkunga, yule aliyemtoa bintiye na mjukuu kwenye hatari wakiwa wazima wote wawili. Mama Rangi alimwahidi picha ya kutundika kwenye wodi ya wazazi. Alipaka njano karibu kitambaa kizima, akaacha ukanda mtupu pembeni wa ile nyekundu, kisha akaenda kumsaidia binti huku njano ikikauka. Mkunga angeijia kesho.

"Mume wangu, na ile nyekundu?"

"Nyekundu ipi? Pale palikuwa kama kuku wamepigana!"

Mama Rangi akakaa kwenye kigoda. Tabasamu la mumewe likafifia.

"Nimeharibu, eeh?"

Hasira ilimpanda ikashuka. Huyu ndiye aliyekuwa akimletea mabaki ya rangi kutoka kazini, makopo yamefungwa kwa kamba kwenye baiskeli, wala hakuwahi kumuuliza za nini. Bila yeye asingeshika brashi.

"Niletee chai," akasema.

Akaanza kuikoroga nyekundu upya. Ya kwanza ikatoka kama tofali, ya pili kama nyanya iliyolala. Akafuta, akakoroga tena, akafuta. Chai ikapoa.

Mumewe akaja na kopo, amelishika kama mtu aliyebeba mayai.

"Nilipiga msasa kwanza, mimi si fundi wa kulipua kazi. Vumbi lake nililizoa, nilitaka kulichanganya na gundi nizibe ufa wa dirisha. Sijui kama lina faida."

Mama Rangi akachungulia. Rangi zake zote zilikuwa mle, zimesagika zikawa kijivu kama jivu la jikoni. Akalimimina juu ya kioo, akatia mafuta, akalisaga kwa kisu taratibu mpaka likalainika.

"Hilo tope, mama," mumewe akanong'ona.

"Nyamaza utazame."

Akalipaka kwenye ule ukanda mtupu wa picha, likigusana na njano. Kijivu kikaanza kubadilika. Kikawa zambarau, laini, kama mbingu kabla jua halijachomoza.

"Umetia nini?"

"Sijatia kitu. Njano ndiyo inayokisukuma kionekane hivyo." Akacheka, machozi yakimlengalenga. "Asante, mume wangu. Nyekundu ingepiga kelele. Wagonjwa wanataka kupumzika."

Kesho yake mkunga akaja, viatu vya kazini bado mguuni. Aliitazama picha, akiinamisha kichwa huku na huku.

"Juu ni wapi, mama?"

"Hata mimi sijui," fundi akadakia, "na ni mke wangu!"

Wakacheka wote watatu. Mkunga akasema ataitundika mkabala na vitanda, mzazi akilala ageukie pale. Akaibeba mwenyewe, akiuepuka ule ukanda mbichi, amekataa kusaidiwa.

Alipoondoka, Mama Rangi alichovya brashi kwenye masalio ya vumbi, akampa mumewe.

"Haya, anza wewe."

"Kwenye mlango wangu mpya?"

"Chini ya kitasa."

Fundi akaguna, akapiga magoti, akaweka alama moja, upana wa kidole gumba.