Yai Lililoivia Kiotani

Asubuhi ile mpimaji alipasua yai ili amkaangie bintiye, na yai likatoka limeshaiva. Aligeuza vipande vyake kwenye sahani: ute umeganda, kiini kigumu, na gandani bado pamenata unyoya wa kuku. Alikuwa amelitoa kiotani wala dakika tano hazijapita. Akalitia kwenye ndoo ya taka, akalifunika kwa maganda ya viazi.

Banda lake la kuku liliegemea upande wa Kiwambo, karibu na nguzo ya nne. Kiwambo hakuna aliyewahi kukiona kwa macho. Kilisimama kati ya mji na bonde la nguvu, kikiichuja nguvu ile kama chujio linavyochuja chai, na hicho kidogo kilichopenya ndicho kilichowasha taa bila mafuta na kupasha majiko bila kuni. Watu walikizoea hata wakakisahau. Mtu mmoja tu ndiye ambaye kazi yake ilikuwa kutokisahau.

Kila asubuhi, kwa miaka ishirini na sita, mpimaji alizipitia nguzo zote saba, na penye kila nguzo akabandika kiganja kitupu hewani. Mchonyoto, yaani ule uchungu wa kuwasha, ukiishia vidoleni, salama. Ukifika kiwikoni, apige kengele na mtaa uhame. Na kila alipobandika, Kiwambo kilimnyonya hisia kiasi cha punje, na punje hiyo ndiyo iliyoziba palipolegea. Ndiyo maana viganja vya wapimaji hufa mapema. Vikishakufa vyote viwili, desturi haina mjadala: kazi humwangukia mtoto wa kumzaa.

Cha kushoto kilikufa zamani. Cha kulia kilikufa miezi mitatu iliyopita. Alikuwa akiosha vyombo, akaona damu kwenye sufuria kabla hajajua kwamba kisu kimemkata. Hakumwambia mtu. Alimkumbuka mama yake mzazi, mpimaji aliyemtangulia, jinsi alivyozeeka akifungwa vifungo vya blauzi na watu wengine, naye aliapa kwamba bintiye Chechele hatafika huko. Basi akaendelea kupita nguzoni kama kawaida, akibandika mkono uliokufa, akikunja uso kidogo, kisha akiwaambia wazee wa mji kuwa ni vidoleni tu. Alijaribu kupima kwa kiwiko, akajaribu hata kwa shavu, Kiwambo kisimjibu. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Methali hiyo aliijua vizuri, hata mwaka jana alimwambia jirani mwenye jipu.

Chechele ni jina ambalo bintiye alipewa utotoni kwa usahaulifu wake. Sasa alikuwa mwoka mikate, na tanuri lake lilikuwa hapo hapo nguzo ya nne. Wiki nzima alirudi nyumbani macho mekundu kwa sababu mikate ilikuwa inaungua. Mwenye tanuri alimsema mbele za watu kwamba akili yake huenda matembezini bila kuaga. Mama mtu alicheka, akamwambia ajitahidi kukaa macho. Alitaka sana uwe ni usahaulifu. Lakini yai lilikuwa kwenye ndoo, na kuku hana uchechele.

Alitoka pekupeku. Mtaani watu walikuwa wakilalamika kwamba jua la leo kali. Rangi ya milango ilikuwa imetoka malengelenge, na cherehani ya fundi ilifuka moshi huku mwenyewe akiipepea kwa gazeti. Mpimaji alibandika kiganja penye nguzo ya nne, akangoja, asihisi kitu. Mchonyoto haufiki kiwikoni kwa siku moja, kila mzee wa mji alilijua hilo. Akipiga kengele wangemuuliza jana alikuwa wapi, na juzi, na jibu lingempeleka Chechele moja kwa moja kwenye nguzo. Aliogopa kupiga, na aliogopa zaidi kutopiga. Tanuri lilikuwa hatua kumi kutoka aliposimama.

Akapiga.

Watu walikimbia wakiburuta watoto na magodoro. Chechele alikuja upande wa pili, akipishana nao, unga umemjaa mpaka kwenye nyusi, akauliza kama wanavyouliza wote kengele ikilia.

"Mama, mchonyoto umefika wapi?"

"Sijui, mwanangu. Kiganja kimekufa. Mwezi wa tatu huu."

Chechele aliutazama mkono ule.

"Kumbe mikate si mimi," alisema taratibu.

Mama alimsihi akimbie, akamwambia mtaa ukiungua utajengwa mwingine. Chechele alielekeza kidole kwenye dirisha lililo juu ya duka la fundi. Bibi wa fundi alikuwa pale kitandani, na bibi huyo hakuwa ametembea tangu mwaka juzi. Kisha akapangusa unga kwenye aproni na kubandika kiganja.

"Begani," alisema, meno yameumana.

Mpimaji alimshika kiuno amvute, asiweze. Kiwambo kilikuwa na njaa ya miezi mitatu, na kilikula yote kwa mara moja. Moshi wa cherehani ukakatika. Tanuri likanyamaza. Ndipo mkono ukaachiwa, na mama na mwana wakaanguka pamoja kwenye vumbi.

Wazee walikuja nyumbani mchana, wakasema machache, wakaondoka wakiwa wamemwachia Chechele kamba ya kengele. Mpimaji akabandika maji jikoni ili bintiye ajioshe unga, akayamimina kwenye beseni. Chechele akatumbukiza mkono wa kulia, akauacha humo.

"Mama, haya maji ni ya moto au ya baridi?"

Mama naye alitia kiganja chake. Wakatazamana, viganja viwili ndani ya beseni moja, na hakuna aliyejua. Basi akapandisha mkono wa gauni na kuchovya kiwiko, kama alivyokuwa akifanya kabla ya kumwogesha Chechele alipokuwa mchanga.

"Yanaunguza," alisema. "Toa mkono, mwanangu."