Mashabiki wa Nyuma ya Goli

Siku ya Jumanne, saa tatu asubuhi, Mama Marcelline alikuwa amekaa ndani ya chumba chake cha michezo ya video, mjini Kasongo, akisugua CD kwa dawa ya meno. Alitumia kidole kimoja na kipande cha shati kuukuu, akitoka katikati kwenda pembeni, bila kuzungusha, kwa sababu kuzungusha kunaongeza mikwaruzo. Akaisuuza, akaikausha, akaitia ndani ya kompyuta, akasubiri.

Alikuwa na konsoli mbili za zamani, na jicho linalosoma CD lilikuwa limechoka katika zote mbili. Vumbi la kiangazi lilipita hata chini ya mlango. Fundi mmoja wa Kindu ndiye aliyemwonyesha njia: unaiacha kompyuta inakili CD nzima, nakala unaihifadhi ndani ya disque dur, kile kisanduku cha kuhifadhia, kisha kadi ndogo yenye programu inaifundisha konsoli kutafuta mchezo humo. CD yenyewe inapumzika ndani ya boksi. Picha za mwanzo zinakwamakwama kwa sababu waya unapitisha polepole, lakini mchezo unaenda. Tangu mwezi wa sita Marcelline alikuwa amenakili CD ishirini na sita, alfajiri akienda kwenye shamba la mpunga, kisha akirudi kukaa na kompyuta.

Saa sita alifika Nabintu, juu ya pikipiki ya abiria ya dereva Christophe, akiwa na matope ya kuvuka mito mpaka magotini. Walikuwa wametumia siku mbili kutoka Salamabila, kwenye machimbo ya dhahabu. Alikuwa mwanamke wa miaka thelathini na kitu, mzaliwa wa upande wa Bukavu, aliyekuwa akiwapikia wachimba dhahabu wali na maharage. Akafungua kitenge juu ya meza. Ndani mlikuwa na CD saba zisizo na vifuniko.

"Ni za bwana yangu, Feruzi," alisema. "Siku zenye hakushuka mu shimo, alikuwa anachezesha watu. Nataka nifungue tena ile nyumba ya michezo. Lakini mashine inazikataa."

"Na yeye iko wapi?"

"Iko mu shimo."

Christophe, aliyekuwa mlangoni akikwangua tope kwenye mnyororo, alisema taratibu kwamba kooperative, ule ushirika wa wachimbaji, ilikuwa na maneno mengine.

Mwezi wa nne, katika mvua za mwisho, shimo refu kuliko yote liliporomoka. Kooperative iliyosimamia kilima ilitoa maiti wanne, ikaandika majina manne, ikapiga muhuri, na wiki iliyofuata ikachimba shimo jingine hatua thelathini pembeni. Feruzi hakuwamo kwenye karatasi. Sekretere wa kooperative, Papa Raphaël, alimwambia Nabintu mbele ya watu kwamba mume wake alionekana kwenye barabara ya Lusangi, na mwanamke mwingine amekaa nyuma yake. Mama yake Feruzi, Mama Amisa, aliyekaa Kabambare, aliyaamini maneno hayo. Mtoto aliyetoroka hawekewi matanga. Nabintu alipokwenda kwake kuomba walau misa moja, mama mkwe alimjibu akiwa amesimama mlangoni kwamba mwanamke anayejua kutunza nyumba hakimbiwi. Nabintu aliondoka bila kupewa maji.

"Acha CD hapa," alisema Marcelline. "Utalala kwangu. Iko kitanda."

CD sita zilinakiliwa kwa siku tatu. Ya saba, mchezo wa mpira wa miguu, ilikuwa na mikwaruzo kama mgongo wa kobe. Kompyuta iliisoma kidogo, ikarudi nyuma, ikasoma tena palepale. Siku ya pili ya kuinakili, maji yalianza kudondoka kutoka pale CD inapoingilia. Yalikuwa maji ya rangi ya udongo mwekundu, yenye harufu ya mahali ambapo jua halijafika. Marcelline aliweka sufuria chini yake, na kila ilipojaa alizimwagia lengalenga, zile mboga za mchicha zilizo nyuma ya nyumba. Nabintu alikaa kando ya meza akichambua mchele. Mara nyingine aliacha kuchambua, akaweka kiganja juu ya kifuniko chenye joto cha kompyuta, akauacha mkono hapo.

Siku ya nne ya kazi hiyo nakala ilikamilika. Ilikuwa nzito mara nne kuliko CD yenyewe. Marcelline alifuta filamu mbili ili ipate nafasi.

"Vitu vya Salamabila vinakuwa vizito," alisema, akachomeka waya.

Waliokamata maneti, vile vishikio vya kuchezea, walikuwa Christophe na Salomon, katekista wa mtaa, aliyependa kucheza kabla ya mafundisho ya saa kumi. Timu ziliingia uwanjani. Mwanga ulikuwa ule wa jioni ambayo haifiki mwisho, na nyasi zilijilaza upande mmoja kana kwamba mtu amezichana. Katika mchezo ule, kama katika michezo yote ya zamani, mashabiki ni rangi tu, karatasi zinazotikisika. Lakini nyuma ya goli la kushoto walikaa wanaume kumi na watatu ambao hawakuwa karatasi. Walikuwa na taa kwenye vipaji vya nyuso. Mmoja alikuwa akijikuna goti. Wote walifuata mpira kwa macho.

"Yule njo Kadogo," alisema Christophe, akipiga pasi. "Nilimubebaga mwezi wa tatu. Alikuwa na redio."

Redio ilikuwa mapajani mwa Kadogo.

Nabintu alisimama, akasogea mpaka pumzi yake ikaacha ukungu kwenye kioo. Katika mstari wa tatu, kwenye kiti cha pembeni, mwanamume mwenye fulana ya njano alikuwa amekunja mikono kifuani, kichwa amekilaza kidogo kushoto, jinsi mtu anavyotazama mpira wa timu asiyoiamini.

"Iko," alisema Nabintu.

Akarudi kukaa. Hakulia. Aliwaomba wamalize mchezo, na ulipokwisha aliwaomba waanze mwingine. Siku hiyo Salomon alichelewa mafundisho kwa mara ya kwanza.

Kesho yake walijua mambo mengine. CD yenyewe, hata baada ya kusuguliwa, haikuwa na mtu. Walikuwa ndani ya nakala tu. Ukisimamisha mchezo, nao walisimama, mmoja mkono uko hewani, mwingine mdomo uko wazi, na ilikuwa vibaya kuwaacha hivyo muda mrefu. Ukichagua mechi ya mvua, walilowa. Feruzi alijifunika kichwa kwa mikono miwili na kutetemeka mpaka dakika ya tisini.

"Musichague mvua tena," alisema Nabintu. "Walinyeshewa ya kutosha."

Basi chumbani kwa Marcelline mechi zikachezwa kwenye jua. Waendesha pikipiki walioingia kupumzika walielezwa mlangoni, wakaitika, wakachukua maneti.

Habari zilipita barabara ileile wanayopita wafanyabiashara. Watu wakaja kutoka Nyangwe, kutoka Lusangi, kutoka vijiji ambavyo Christophe mwenyewe hakuvijua. Walikaa kwenye benchi, wakasubiri kamera iende upande wa kushoto. Mama mmoja alileta samaki wakavu, akawaweka mbele ya televisheni, kisha akawagawia waliokuwepo. Mzee mmoja alimtambua mtoto wake kwa namna ya kukohoa, ingawa sauti yake haikusikika. Kila mtu alipotambuliwa, Salomon aliandika jina kwenye daftari la katekisimu, na jina la baba, na la kijiji. Baada ya wiki tatu hakukuwa na kiti kisicho na jina, na hata jina moja halikuwamo kwenye karatasi ya kooperative.

Mama Amisa alifika siku ya mwisho ya wiki ya tatu. Alikuwa mwanamke mrefu, mkavu, aliyevaa kitenge cha kanisa. Hakumsalimu Nabintu. Alikaa mwisho wa benchi, mkoba juu ya magoti, akatazama. Mpira ulikaa muda mrefu upande wa kulia. Hakuna aliyemharakisha Christophe, lakini Christophe aliona mwenyewe, akapoteza mpira makusudi, na wachezaji wakakimbia kuelekea goli la kushoto.

Mama Amisa alitazama mstari wa tatu.

"Amekonda," alisema.

"Ndiyo, mama," alijibu Nabintu.

"Ile fulana, ni wewe ulimununulia?"

"Ni mimi. Alisema ni ya kuonekana mu giza."

Goli likafungwa. Wanaume kumi na watatu waliruka, na Feruzi, ambaye tangu kuzaliwa kwake hakujua kushangilia bila kumshika aliye karibu, alimkumbatia Kadogo na redio yake. Mama Amisa alifungua mkoba, akaufunga, akaufungua tena. Kisha akahama kwenye benchi, nafasi moja, nafasi ya pili, mpaka bega lake likagusa bega la Nabintu.

"Ulikuja kwangu, nikakukatalia maji," alisema. "Nilimwamini mutu mwenye kalamu, nikamwacha mwenye alilala na mutoto wangu. Kama ungenipiga siku ile, ningesema una haki."

"Nilikuwa nimechoka, mama. Sikukuwa na nguvu ya kupiga."

Mama Amisa akacheka kidogo, halafu akalia, na Nabintu naye akalia, kwa mara ya kwanza tangu mwezi wa nne. Marcelline akapunguza sauti ya televisheni. Matanga yaliwekwa Kabambare, siku tatu, na wali, sombe ya majani ya muhogo, na ngoma. Konsoli ilibebwa juu ya pikipiki, ikawekwa barazani, na mechi ziliendelea mfululizo ili marehemu asikose cha kutazama watu wanapomlilia.

Baada ya matanga, familia kumi na tatu ziliandika barua moja kwa kooperative, zikiomba majina yaongezwe kwenye orodha, na shimo jipya lifungwe mpaka mbao za kutosha za kushikilia udongo zipatikane. Salomon aliiandika, kwa sababu mwandiko wake ulikuwa mzuri.

Papa Raphaël alikuja mwenyewe, Ijumaa mchana, mpaka Kasongo, ambako konsoli ilikuwa imerudi. Alivaa shati jeupe alilolinyoosha njiani kwa kulikalia juu ya pikipiki. Hakuwa mtu wa makelele. Alimsalimu kila mtu kwa jina, akauliza hali ya mpunga, akaomba glasi ya maji, akakaa mbele kabisa.

Kipindi cha kwanza alitazama kama wengine. Alipowaona, midomo yake ilisogea, na waliokuwa karibu walimsikia akiwataja mmoja mmoja, kwa utaratibu, bila kumkosea hata mmoja. Kipindi cha pili, wanaume kumi na watatu waliuacha mpira. Waligeuza shingo wakamtazama yeye. Goli lilifungwa, hawakugeuka. Papa Raphaël akahamisha kiti chake karibu na dirisha. Taa zile ndogo za vipaji zikamfuata hadi dirishani. Akarudi katikati, zikarudi naye. Mwanga wa taa hizo ulionekana juu ya shati jeupe, duara kumi na tatu, na alikaa nao mpaka filimbi ya mwisho. Kisha akanywa maji yake, akatoa karatasi, akaandika juu ya goti. Kwa kuwa alikuwa mtu wa utaratibu, alisoma alichoandika kwa sauti:

"Watu kumi na watatu wanaodaiwa kufa wameonekana leo mjini Kasongo, uwanjani, wakitazama mpira. Orodha ya vifo inabaki ya watu wanne."

Nabintu aliinuka kwenye benchi.

"Papa Raphaël," alisema Nabintu, "wale wamekufa."

"Mama, umewaona kwa macho yako?"

"Nimewaona."

"Wamekaa ao wamelala?"

"Wamekaa."

"Basi njo vile nimeandika." Alikunja karatasi, akaitia mfukoni. "Mimi niko na watoto sita, mama. Muhuri si yangu."

Mama Amisa alimtazama hadi alipopanda pikipiki. Hakumtukana. Alimwambia tu kwamba akipita Kabambare asisimame kwake kuomba kivuli, na Papa Raphaël aliitikia kwa kichwa, kama mtu anayepokea maelekezo ya njia.

Marcelline alitengeneza nakala ya pili, kwa ajili ya Nabintu. Wale wanaume walikuwepo humo pia, na katika nakala ya Marcelline hawakupungua. Mwezi wa kumi Nabintu alifungua chumba cha michezo Kabambare, kwenye baraza la mama mkwe wake. Jioni, wateja wakishaondoka, Mama Amisa alijifunza kushika maneti. Alicheza vibaya sana. Aliruhusu magoli mengi upande wa kushoto, na Feruzi, katika mstari wa tatu, alikuwa akishika kichwa. Nabintu alikaa pembeni akisuka nywele zake mwenyewe, akimweleza mume wake kwa sauti ya kawaida nani ameoa, nani amehama, na kwamba daraja limeanguka tena.

Mwezi wa kumi na mbili, baada ya wiki nzima ya mvua, nyuma ya goli walikuwa kumi na wanne.

Yule mpya alikaa mstari wa mbele. Alikuwa mwanamume mwenye ndevu chache, mguu mmoja ndani ya buti la mpira, mwingine mtupu. Wenzake walikuwa wamempa nafasi, na Kadogo alikuwa amemwekea redio mapajani. Hakuna mtu wa Kabambare aliyemjua. Nabintu alituma ujumbe Salamabila, na jibu la kooperative lilifika siku iliyofuata: kwenye shimo jipya kazi inaendelea vizuri, hakuna aliyekosekana.

Jumapili, watu wakitoka misa, mwanamke asiyejulikana aliingia uani akitembea kwa miguu. Alikuwa amebeba buti moja la mpira kwapani. Mama Amisa aliliangalia lile buti, akaweka maneti chini, akasogea kwenye benchi.

"Karibu, mama," alisema. "Kaa hapa. Iko mustari wa mbele."