Matango ya Nyumba ya Wake

Kila asubuhi Hunero alianza na midomo, kwa sababu uji wa shayiri uliletwa mapema na asiye na mdomo hanywi uji. Wanawake arobaini na mmoja walikaa kwenye mikeka kando ya ukuta wa ua, nyuso zao laini kama mayai yaliyomenywa, wakisubiri zamu. Hunero alisaga udongo mwekundu, akauchanganya na mafuta ya bata bukini, akachovya kalamu yake ya tete, akachora. Mdomo ukikauka, ulifunguka. Aliyechorwa alipiga miayo, au aliomba maji, au alitukana kidogo kwa lugha ya kwao, kisha akasogea kumpisha mwenzake. Baada ya midomo yalifuata macho, kwa wanja, na mwisho nyusi. Pua hazikuhitaji kazi. Vilibaki vitundu viwili vya kupumulia, na hivyo havikuwahi kufutika.

Ilikuwa hivyo tangu enzi za baba wa mfalme wa sasa. Kila binti wa mfalme wa ng'ambo aliletwa Misri pamoja na farasi, magari ya vita na masanduku ya mawe ya bluu, akapokelewa kwa tarumbeta, na baada ya miaka miwili, yaani mafuriko mawili ya mto, uso wake ulianza kufutika kuanzia kwenye nyusi. Kufikia mafuriko ya tatu hakuwa amebakiwa na kitu. Wake wa Kimisri hawakupatwa na jambo hilo. Waganga wa jumba la mfalme walilichunguza, wakaandika kwamba ni hewa ya mtoni, wakaenda kula.

Jioni wanawake walinawa rangi katika beseni kubwa la shaba. Maji yalikuwa mazito, ya rangi ya nyama iliyolala, na watunza bustani walikuja kuyachukua kumwagilia matango. Hakuna matango Misri nzima yaliyonenepa kama yale. Yalipelekwa kwenye karamu za mfalme, na wajumbe wa nchi zote waliyasifu. Hunero hakuyala. Alikuwa ameyajaribu mara moja, akakuta yana joto katikati, joto la shavu la mtu aliyetoka kulia, akatema kwenye kiganja.

Mama yake, aliyeifanya kazi hii kabla yake, alikuwa amemfundisha jambo moja: bibi harusi akifika, mchore siku hiyohiyo kwenye kigae cha mtungi, kabla hajapoteza kitu. Ndivyo Hunero alivyokuwa akifanya. Kila asubuhi alikuwa akimrudishia kila mmoja uso wake mwenyewe, kigae kikiwa mapajani, mpaka alipokuja msimamizi mpya wa nyumba ya wake, Pashedu, mtu mnene aliyenuka marashi na kitunguu. Pashedu aliona rangi zinaharibika bure.

"Mama Hunero, nyuso arobaini na moja za nini?" aliuliza. "Mfalme anakuja hapa mara ngapi? Wachore wote uso mmoja. Ule uliochorwa ukutani pale, macho makubwa, mdomo mdogo. Mdomo mdogo, sikiliza vizuri. Hawa wanakula sana."

Vigae alivichukua, akatandikia sakafu ya choo cha watumishi, nyuso zikiangalia juu.

Miongoni mwa wale wanawake alikuwamo Belesunu, dada wa mfalme wa Babeli, aliyekuwa amekaa nchini mafuriko sita. Hakuwa msumbufu. Alikuwa na shida moja tu: kila mwezi ulipoandama aliamka kitanda kimelowa, na maji yale yalikuwa na matope ya mto wa kwao na punje mbili tatu za shayiri. Mfuaji alilalamika. Belesunu alimweleza Hunero bila kupandisha sauti.

"Ni mama yangu. Kwetu, mtu akifa humwagiwa maji ardhini kila mwezi mwandamo ili asione kiu kule chini. Mama ameambiwa nimekufa. Ananimwagia." Alikamua shuka. "Mimi sijafa, bibi. Niko hapa nalowa."

"Nani alimwambia umekufa?"

"Wajumbe waliopita. Walioneshwa wanawake wamepangwa, wote sura moja, wakasema hawanioni. Kaka yangu aliandika barua ya malalamiko. Mfalme wenu alimjibu kwa dhahabu. Kaka akanyamaza."

Barua hizo zilikuja katika vibao vya udongo, na watu wote wa jumba walijua zilivyo. Mfalme wa Babeli alimwita mfalme wa Misri ndugu yangu, akauliza habari za farasi wake, kisha akaomba dhahabu. Mfalme wa Misri naye alimwita ndugu yangu, akauliza habari za magari yake, kisha akaomba mke mwingine. Nchi ilineemeka. Maghala yalijaa hadi milangoni, ziwa jipya lilichimbwa ili mfalme apige makasia, na mbwa wa wakubwa walivaa mikufu.

Mwaka ule ikatangazwa kwamba wajumbe wa Babeli wanakuja tena, na anayewaongoza ni Rimutu.

Belesunu aliposikia jina hilo aliushika mkono wa Hunero uliokuwa bado unachora. Nyusi ikapinda.

"Rimutu ananijua. Alinibeba mabegani kwenye mitende ya baba yangu miaka minne. Nilimng'ata sikio, lina pengo mpaka leo. Alikuwa akiniita Panzi. Bibi, siku hiyo nipe uso wangu. Uso wangu mimi. Nitamwambia neno moja tu, amwambie mama asinimwagie maji tena. Sitaki kingine."

"Pashedu ataniona."

"Ataona wapi? Huyo hututazama kiunoni."

Hunero alimwambia kigae chake kiko chooni. Belesunu hakuuachia mkono wake.

Basi siku moja kabla ya wajumbe, saa ya mchana ambayo watumishi hulala, Hunero alijifunga kitambaa puani, akaingia chooni na kisu cha mfupa. Alipiga magoti, akavingoa vigae kimoja baada ya kingine. Inzi walimjaa kwenye kope. Alifuta kwa kidole uchafu ulioganda, nyuso zikatokea: binti wa mfalme wa milimani mwenye meno yaliyopishana, pacha wawili wa pwani ya kaskazini, msichana aliyefika akiwa na miaka tisa, mashavu bado ya kitoto, ambaye Pashedu sasa alimwita Namba Kumi na Nane. Wote walimtazama. Baadhi walipepesa wakitokwa na machozi, kwa sababu mkojo unachoma macho. Cha Belesunu kilikuwa karibu kabisa na shimo. Aliosha mara saba kwa majivu na maji, na mara ya saba ikatokea alama nyeusi ndogo chini ya jicho la kushoto, na ule mdomo mpana wa mtu anayependa kubisha.

Asubuhi yake alimchora wa mwisho. Rangi ilipokauka, Belesunu alijishika mashavu, akacheka kwa sauti ambayo Hunero hakuwa ameisikia kwa miaka minne.

"Kumbe mdomo wangu ni mkubwa hivi?"

"Mkubwa mno. Ufunge, wanakuja."

Wajumbe walikaa kivulini, wakaletewa bata wa kuchoma, divai, na matango yaliyokatwa vipande vinene. Rimutu alikuwa mtu mzima sasa, ndevu zimetiwa mafuta, na sikio lake la kulia lilikuwa na pengo. Alitafuna tango, akafumba macho.

"Haya matango, Bwana Pashedu! Mnayalisha nini?"

"Maji tu, Bwana Mjumbe. Maji na jua la Misri."

"Nipe mbegu."

"Mbegu utapewa. Kwanza tumalize kazi. Hawa hapa, wote wazima, wameshiba. Mtafute dada wa bwana wako."

Rimutu aliinuka, akipangusa vidole kwenye joho. Alipita mbele ya wanawake thelathini na wanane wenye uso mmoja, upesi upesi, kama mtu anayepita kando ya ukuta. Kwa wa thelathini na tisa alisimama. Hunero, aliyejibanza nyuma ya nguzo na kikapu chake cha rangi, aliona mgongo wa yule mtu ukikakamaa.

Belesunu alisema maneno yake kwa lugha ya kwao. Hunero aliyajua, maana alikuwa ameyasikia yakifanyiwa mazoezi siku kumi: Rimutu, ni mimi, Panzi. Mwambie mama asinimwagie maji.

Mkono wa Rimutu ulipanda wenyewe, ukagusa lile pengo la sikioni. Ulikaa hapo kidogo. Kisha ukashuka.

"Simjui huyu," alisema kwa Kimisri, kwa sauti ya kusikiwa na waandishi. "Andikeni. Dada wa bwana wangu hayumo."

Aliwapita wawili waliobaki bila kuwatazama, akarudi kwenye bata wake.

Waandishi walipoondoka, Pashedu alimmiminia divai. Nguzo ilikuwa nene, na wakubwa hawana desturi ya kutazama nyuma ya nguzo.

"Lakini ulimtambua," alisema Pashedu.

"Nimembeba mabegani, nisimtambue? Amening'ata huyu."

"Sasa?"

"Sasa nini? Akipatikana, bwana wangu atadai nini? Atauliza hali yake, aambiwe mzima, basi, mazungumzo yamekwisha. Dada aliyepotea anatulisha kila mwaka, ndugu yangu. Mwaka huu nitarudi na malalamiko makubwa, ninyi mtatoa dhahabu kubwa, na bwana wangu akishatulia atamtoa binti yake kuonesha hana kinyongo."

"Ana miaka mingapi?"

"Kumi na miwili."

"Mfalme atafurahi. Dhahabu ya kweli unataka, au ya kawaida?"

"Juu dhahabu, ndani mti, kama kawaida. Nasi tutawaletea farasi waliopakwa rangi mvi zao."

Walicheka mpaka Rimutu akapaliwa na tango, na Pashedu akampiga mgongoni kwa upendo.

Hunero alibaki nyuma ya nguzo mpaka walipoondoka.

Jioni Pashedu alimwita. Alikuwa ameona, kumbe, na hakukasirika.

"Umechezea rangi, Mama Hunero. Lakini sikulaumu. Mtu amesimama mbele ya dada mwenyewe, uso wake kabisa, na bado akasema simjui! Sasa nani atasema tulimficha? Umenisaidia bila kujua." Akampa shanga ya dhahabu, kubwa kama zabibu.

Hunero aliipokea. Alisema ahsante, mheshimiwa. Nyumbani aliikwaruza kwa ukucha, na ndani ulikuwa mti.

Jioni hiyo Belesunu alinawa uso wake, polepole, na asubuhi ya pili zamu yake ilipofika aliurudisha nyuma mkono wa Hunero. Hakuwa na mdomo wa kusema, lakini mkono ulieleweka. Tangu siku hiyo hakuchorwa tena. Alilishwa uji kwa mrija wa tete kupitia tundu la pua, akakonda, akaketi wa tatu kutoka mlangoni. Pashedu alisema inapunguza gharama. Kitanda chake kiliendelea kulowa kila mwezi mwandamo.

Mwaka uliofuata tarumbeta zililia tena, na binti wa mfalme wa Babeli akashushwa garini, amelala usingizi wa safari. Jina lake lilikuwa Inbatu. Alikuwa na alama nyeusi ndogo chini ya jicho la kushoto. Hunero alimkalisha kwenye kigoda, akachukua kigae kipya, akaanza na kidevu.

"Bibi," alisema msichana, "kaburi la shangazi yangu liko wapi? Nyanya yangu amefariki, sasa ni zamu yangu kummwagia shangazi maji. Amenipa kikombe chake."

Hunero alishusha kalamu. Alitazama mlangoni, Pashedu hakuwapo.

"Hana kaburi, mwanangu. Yuko hai. Ndiye yule, wa tatu kutoka mlangoni."

Inbatu aligeuka. Belesunu alikuwa amekwisha kuinua uso wake mtupu kuelekea kwenye sauti ile, mikono yote miwili imefunguka.

"Yule?" Msichana alikunja pua. "Bibi, usinitanie. Shangazi yangu alikuwa mzuri. Na Mjumbe Rimutu aliwatazama wote, mmoja mmoja, akaapa hayumo. Yeye alimjua tangu mtoto."

"Mwanangu, nakuapia."

"Wewe ni mpaka rangi," alisema Inbatu, kwa adabu, kama alivyofundishwa kuzungumza na watumishi. "Kama kaburi halijulikani, nitamwaga hapahapa."

Alichota maji mtungini, akasema maneno ya kwao, akayamwaga sakafuni. Maji hayakutuama. Yalijikusanya, yakapita kati ya mikeka, yakamkwepa wa kwanza, yakamkwepa wa pili, yakafika kwa Belesunu, yakapanda miguuni mwake mpaka magotini, yakakaa. Wanawake waliinua nguo zao wasilowe. Mmoja aliendelea kunywa uji.

"Sakafu yenu imelala upande," alisema Inbatu.

Pashedu aliingia, akaona maji, akaguta kwamba mtu atateleza avunjike shingo na lawama ziwe zake. Hunero aliinuka, akachukua kitambaa, akapiga magoti mbele ya Belesunu, akamkausha kidole kimoja kimoja. Kitambaa alikikamua kwenye beseni, na watunza bustani, waliokuwa wakisubiri mlangoni, wakalibeba beseni kwenda kwenye matango.

Kisha akarudi kwenye kigoda kumalizia kigae. Alifanya haraka. Nyusi ya kushoto ya msichana ilikuwa imeanza kupauka.