Tumbaku ya Kashindi

Kila nikishika kisu cha tumbaku, anayenisumbua ni Kashindi, babu wa babu yangu, aliyekufa kabla reli haijafika Ziwa Tanganyika.

Enzi za misafara alivusha tumbaku kutoka Uvira hadi Ujiji. Wenzake waliweka majani mazuri nje ya msokoto, makapi ndani. Yeye aliukata katikati mbele ya mnunuzi, ndipo wakazungumza bei. Masika moja mzigo ulimwozea njiani. Akauchoma wote sokoni, watu wakamcheka mpaka basi. Mwaka uliofuata, hao hao hawakutaka kununua kwa mtu mwingine hadi Kashindi avuke. Nampenda mzee huyo, jamani! Kwetu hadi leo hatuuzi bila kukata.

Lakini Kashindi hakupanga chumba ugenini kama sisi, mtaa wa Bellevue. Februari ile ya 2017 mvua ilipenya paa letu bovu, ikalowesha tumbaku yangu. Mwenye kibanda changu cha biashara kule Troyeville alikuwa amenipa hadi Jumamosi: nilipe kodi, au ampe mwingine. Mnunuzi alikuwa mmoja tu, Khatibu, Mrundi mwenye spaza, duka dogo la mtaani, kule Soweto, naye alitaka mzigo wote.

Mume wangu Jacques, aliyekuwa ndiyo kwanza anatoka lindo, alinisihi asubuhi nzima nisikate. Alisema misokoto imeshakauka nje, Khatibu ana haraka zake, na babu yangu hatatulipia kibanda. Hilo la mwisho liliniuma, maana ni kweli.

Khatibu akaja, akanusa, akaridhika. Alipoinama kubeba, nikachukua kisu, nikakata. Ndani kuvu nyeupe ilikuwa imetanda.

"Dada, ungenyamaza ningechukua yote," alisema.

"Najua."

Akaniaga kwa heshima, akaondoka mikono mitupu. Nilikaa sakafuni nikalia bila aibu. Nilimlaani Kashindi, na papo hapo nikamwonea fahari. Nikamsubiri Jacques anifokee; haki alikuwa nayo. Badala yake alivua koti la kazi, akakaa kando yangu, akakitwaa kisu, akaanza kupasua misokoto iliyobaki, akitenga mizima michache na mibovu mingi.

"Mama Gaëlle," aliuliza hatimaye, bila kuinua macho, "siku ile aliyochoma mzigo, alirudi nyumbani akamwambia nini mkewe?"

Visa vyote vya Kashindi navijua kwa moyo. Mkewe sikuwahi kumsikia hata jina.