Mgeni wa Kitabuni

Yuliana alikuwa ameshasahau kwamba yeye ni mhamiaji mpaka lilipokuja gari la shirika kumkumbusha. Ni kweli alivuka mto Ruvuma na mumewe, mama mkwe wake na mtoto mgongoni, wakati vijiji vya kwao upande wa Msumbiji vilipochomwa moto, wakapokewa huku juu, karibu na Kitangari, wilaya ya Newala, na shangazi wa mumewe. Lakini tangu hapo mtoto, Julia, ameshafika darasa la tatu, mikorosho waliyopanda imeanza kuzaa, na kijijini watu walimwita Mama Julia bila kuongeza neno.

Gari lilimleta Christopher, mwandishi wa vitabu vya watoto kutoka Dar es Salaam, kijana nadhifu mwenye sauti ya kubembeleza. Shirika lake lilikuwa limepata ufadhili wa kitabu kuhusu familia inayozoea nchi mpya, na ufadhili ulikuja na mwongozo. Mwongozo uliandikwa mbali, kwenye nchi za theluji. Ulisema kitabu cha namna hiyo kiwe na lugha ngeni, chakula kigeni, baridi, na mtoto anayelia dirishani.

"Mama, lugha iliwasumbua sana?" aliuliza, kalamu mkononi.

"Lugha ipi?"

"Ya huku."

"Huku wanasema Chimakonde. Na sisi tunasema Chimakonde."

Christopher akafungua ukurasa mpya. "Chakula je?"

"Kule tulikula mihogo. Hapa tunakula mihogo."

Yuliana alimwonea huruma. Mtoto wa watu amesafiri kutoka mbali kote huko, arudi mikono mitupu? Akafikiri kwa bidii. "Maji," akasema. "Maji ya hapa ni ya shida. Tunayafuata bondeni mpaka shingo inaingia mabegani."

Christopher akaandika haraka. "Na kule kwenu?"

"Kule nako ni hivyohivyo."

Akafuta.

Basi akajaribu mlango mwingine: akaomba aitiwe mwenyeji wa asili, aeleze alivyojisikia wageni walipoingia. Mwenyekiti wa kijiji, Mzee Nasibu, alikuna kichwa. Babu yake mwenyewe aliuvuka mto uleule akikimbia kodi ya Mreno. Jirani wa kulia kadhalika, wa kushoto kadhalika. Mwishowe akaitwa Faidha, mama yake Hamudi, kwa kuwa ndiye peke yake ambaye ukoo wake haukutoka Mueda, ng'ambo ya mto. Naye ni Myao wa Masasi, aliletwa na ndoa.

Faidha alifika na ndoo ya maji kichwani. Akaliona gari, akamwona mgeni, akamwona na mtani wake Yuliana amekalishwa kwenye kiti cha ofisi ya kijiji kama diwani. Hapo hakuweza kujizuia.

"Mwanangu, huyu asikudanganye," alimwambia Christopher. "Huyu mla panya. Alipohamia hapa, panya wetu wote walikimbilia Masasi kuomba hifadhi."

"Heri mimi," Yuliana akajibu bila hata kugeuka. "Ninyi Wayao mkisikia ngoma ya unyago iko Lindi, mnaacha ugali jikoni uungue, na mume aungue humohumo."

Wakacheka mpaka maji ya ndoo yakamwagika. Christopher hakucheka. Si kwamba hajui utani. Hakuna Mtanzania asiye na mtani wake. Ila mwongozo haukuwa na nafasi ya mtani. Ulikuwa na nafasi ya mnyanyasaji, na nafasi hiyo ilikuwa bado wazi. Aliwapiga picha wote wawili, akashukuru sana, akaondoka na furaha yake.

Laiti angeuliza habari za mazishi. Mama mkwe wake Yuliana alifariki kabla hawajajenga nyumba yao wenyewe, na Yuliana aliogopa kwamba watazika kama wapita njia, kimya kimya, kwa heshima za mbali. Lakini Faidha, kwa haki ya mtani msibani, alikuja amejifunga kanga ya marehemu, amepinda mgongo kama marehemu, akawa anazunguka kwa waombolezaji akiomba ugoro kwa sauti ya marehemu. Jeneza lilipotoka, alilala njiani akakataa kuinuka mpaka wafiwa wamtupie chochote. Yuliana, machozi yanamtiririka, alicheka mpaka akakaa chini mchangani. Hakuna anayemfanyia fujo zile maiti ya mgeni. Siku hiyo ndipo alipotua mzigo aliokuwa nao tangu mtoni.

Kitabu kikatoka. Kiliitwa *Karibu Kwetu, Julia*, na kilichorwa na msanii ambaye hajawahi kuiona Newala hata kwa ndoto. Julia wa kitabuni alivaa koti zito na kuburuta sanduku la magurudumu kwenye mchanga, wakati Julia wa kweli aliingia kijijini mgongoni mwa mama yake, na sufuria mbili na bata mmoja. Yule wa kitabuni alilia dirishani kurasa nne mfululizo. Faidha naye alikuwemo, kwa jina la Bi Kisirani, jirani mwenye pua ndefu, amevaa kanga ileile aliyopigiwa picha, akimfokea mtoto arudi kwao. Mwisho Bi Kisirani anatubu, kijiji kizima kinashikana mikono, na maputo yanapaa angani. Maputo yametoka duka gani, kitabu hakikusema. Nyuma palikuwa na maswali: *Je, kwenu kuna mgeni? Leo umemtendea wema gani?*

Mwalimu Emmanuel, wa darasa la tatu, hakuwa mtu wa kuruka maswali ya nyuma ya kitabu. Julia akatolewa kwenye zamu ya kufagia na zamu ya kuchota maji, akakalishwa dawati la mbele, akaletewa maembe. Mwanzoni alifurahi, nani asingefurahi? Kisha wasichana wenzake wakaacha kugombana naye. Walimwachia kamba aruke peke yake, wao wamesimama pembeni wanampigia makofi. Jioni moja alirudi nyumbani, akakaa karibu na jiko.

"Mama, kwetu ni wapi?"

Yuliana akachochea moto ambao haukuhitaji kuchochewa.

Na yeye mwenyewe hakusalimika. Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe, ndivyo tunavyosema, na jembe lake Yuliana alikuwa amelishika miaka. Sasa wanawake wenzake waliokuwa wakilimiana kwa zamu walimpokonya kwa adabu. "Kaa kivulini, dada yetu. Umepitia mengi." Wakamwekea kiti. Shambani. Lakini lililomuumiza kuliko yote lilikuwa la Faidha, aliyekutana naye njiani akamsalimu kwa Kiswahili cha taarifa ya habari.

"Habari za asubuhi, ndugu yetu kutoka nchi jirani."

Akapita. Yuliana angependelea kupigwa kofi.

Alimfuata nyumbani kwake. Faidha alikuwa anapepeta mtama, hakuinua macho.

"Mama Hamudi, nimekukosea nini?"

"Hujanikosea. Hamudi wangu shuleni sasa anaitwa mtoto wa Kisirani. Nimeambiwa siku ya uzinduzi wa kitabu nipande jukwaani nikuombe radhi, wapige picha, kama ilivyo kitabuni. Nitaomba, yaishe."

"Tangu lini mtani akaomba radhi? Ukiniomba radhi, utani umekufa."

"Umeshakufa," Faidha alisema, akaendelea kupepeta.

Yuliana alirudi nyumbani akilia waziwazi, na kila aliyekutana naye alimpa pole kwa yaliyomkuta huko Msumbiji.

Siku ya uzinduzi ikafika na maturubai yake, na spika zake zinazokwaruza, na mgeni rasmi aliyetoka kwa wafadhili. Kijiji kizima kilikaa mchangani. Yuliana na Julia walikalishwa jukwaani kwenye viti vya plastiki. Mbele yao liliwekwa godoro jipya kabisa, likiwa bado kwenye nailoni, zawadi ya familia iliyohama. Christopher alizungumza juu ya upendo, akazungumza tena, kisha akamkabidhi Faidha maiki.

Faidha alisimama ameinamisha kichwa. "Mimi," alisema, "kwa maneno niliyokuwa nikimtolea huyu ndugu yetu, naomba—"

Yuliana aliruka kutoka kwenye kiti. Neno lile likitoka lote, hakuna atakayeweza kulirudisha. Akaikamata maiki.

"Asiniombe chochote huyu," alisema, na spika zikapiga kelele pamoja naye. "Radhi ya Myao nitaiweka wapi, nami nyumba yangu ndogo? Na huyo wa kitabuni si yeye. Wamempendelea. Pua yake haikufika pale, ilichoka njiani. Alipoletwa huku hakujua kumenya muhogo, alitaka kuuchemsha na udongo wake. Mumewe alikonda mpaka watu wakadhani ameolewa yeye."

Mgeni rasmi aliangalia viatu vyake. Christopher alikuwa amefumba macho. Faidha alimtazama Yuliana, mdomo unamcheza, na Yuliana hakujua kama anataka kulia au kuondoka, akaogopa kama hajawahi kuogopa tangu afike kijiji hiki.

Kisha Faidha akaliendea godoro. Akaliinua, akajitwika kichwani, nailoni ikilia kwacha kwacha, akaanza kushuka nalo jukwaani.

"Hili nalichukua," alisema kwa sauti ya kufika uwanja mzima, bila maiki. "Mla panya analala shimoni na vitoweo vyake, godoro la nini?"

Uwanja ukalipuka. Wanawake wakapiga vigelegele, Mzee Nasibu akacheka mpaka kofia ikaanguka. Watoto walitimka nyuma ya godoro, na Julia akashuka kwenye kiti chake cha plastiki akawafuata, akashika pembe moja pamoja na Hamudi, wakawa wanamsaidia Faidha kuiba mali ya mama yake. Mwenzake mmoja alimsukuma apate nafasi, naye akamsukuma.

Christopher alimkimbilia Yuliana, jasho linamtoka. "Mama, pole sana. Niwapigie polisi walirudishe?"

Yuliana alikuwa anafuta machozi kwa upindo wa kanga.

"Kwani wewe," alimuuliza, "umewahi kuona wapi mgeni anaporwa mchana kweupe, na watu wanashangilia?"

Akajifunga kanga kiunoni, akashuka jukwaani kuwafukuza wezi wake.